Kutajwa si Kusikizwa

Wabuge alikuwa fundi wa kuchomelea vyuma mtaani Langas, na siku aliyokamatwa aliacha geti la mteja likiwa nusu. Polisi walimwambia duka la Nyokabi pale mtaani limevunjwa, mitungi ya gesi imebebwa, na kufuli imekatwa na mtu anayejua chuma. Fundi wa karibu zaidi alikuwa yeye.

Alikana mashtaka. Dhamana ilitaka hati ya shamba, na shamba la kwao Kimilili lilikuwa bado kwa jina la babu aliyekwisha kufa. Akapelekwa rumande. Alimwambia mkewe, Musimbi, kuwa ni wiki mbili tu.

Ilipita miaka mitatu na miezi minane.

Mara ya kwanza mashahidi hawakufika. Mara ya pili mpelelezi alikuwa amehamishiwa Timboroa na hakuna aliyemwita. Kisha faili ikapotea, ikaonekana, ikapotea tena. Hakimu naye akahamishwa, na aliyemrithi akaagiza kesi ianze upya, ilhali hakuna kilichokuwa kimeanza. "Itatajwa tarehe kumi na nne," karani alikuwa akisema, na Wabuge akaja kuelewa kuwa kesi kutajwa si kesi kusikizwa. Unaamshwa alfajiri, unafungwa pingu pamoja na mwenzako, unapakiwa lori, unashinda katika seli ya korti. Ukiitwa, unasimama kizimbani muda wa kupiga chafya, kisha unarudishwa.

Mwanzoni Musimbi alikuja kila tarehe, mtoto wao Nafula akiwa mgongoni. Baadaye alikuja mara moja moja, kwani alikuwa amepata kibarua cha kufulia wanafunzi kule Kesses, na mwajiri hakutaka kusikia habari za korti. Wabuge hakumlaumu. Wenzake rumande walimshauri akubali kosa, maana kwa muda aliokaa angekuwa ameshamaliza kifungo. Alikaribia kukubali. Kilichomzuia hakikuwa ushujaa. Alishindwa tu kusema "ni kweli" kwa jambo asilojua hata lilivyofanyika.

Mwezi wa Machi, mwendesha mashtaka aliomba tena tarehe nyingine, kwa kuwa hakuwa na shahidi hata mmoja. Wabuge, ambaye hakuwa na wakili, akainua mkono.

"Mheshimiwa, tulifundishwa huko rumande kwamba Katiba inataka kesi ianze na iishe bila kucheleweshwa kupita kiasi. Siombi uniachilie. Kama nina kosa, nifunge. Lakini nisikizwe. Mtoto wangu alikuwa hajatambaa, sasa anaenda shule."

Hakimu alipekua faili kwa muda mrefu. Alihesabu tarehe ishirini na tatu. "Nitawapa wiki tatu," alimwambia mwendesha mashtaka. "Hakutakuwa na nyingine."

Wiki tatu zilipoisha, alifika Nyokabi peke yake. Alieleza kwamba aliamka akakuta kufuli imekatwa, na kwamba hakumwona mtu. Mpelelezi hakuja. Kabla ya saa sita, hakimu alimwambia Wabuge kuwa hana kesi ya kujibu, yuko huru kwenda.

Nyokabi alikuwa akimngojea nje, mkoba ameukumbatia kifuani.

"Nimefunga duka mara kumi na tisa nije hapa," alisema. "Wananiambia nenda, urudi. Wabuge, asubuhi ile waliniuliza nani mtaani anajua kukata chuma, nikakutaja. Hiyo tu. Nilidhani watakuuliza maswali, jioni urudi kwako."

Wabuge alitafuta hasira ndani yake, hakuipata.

"Hata mimi, Mama, nilidhani ni jioni."

"Sasa nani aliiba?"

"Sijui. Hatukuambiwa."

Nyokabi akaenda kufungua duka. Wabuge alitembea kwa miguu hadi Langas. Pale alipokuwa akichomelea palikuwa pamejengwa kibanda cha kinyozi. Nyumbani mlango ulikuwa umefungwa, akakaa chini, akaegemea ukuta na kulala papo hapo.

Alipofumbua macho, Musimbi alikuwa amesimama mbele yake, mikono imekwajuka kwa sabuni, na nyuma ya sketi yake msichana mwenye sare ya shule akimchungulia.

"Wamekuambia urudi lini?" Musimbi aliuliza.

"Hawajaniambia nirudi. Imeisha."

Musimbi hakulia wala kucheka. Alitafuta ufunguo mfukoni, akafungua.

"Ingia ndani, Baba Nafula," alisema. "Huko nje kuna baridi."