Binti wa Kijapani Aliyetaka Kuhamia Woodbridge

Upumbavu wangu ni huu: nilimtia maneno mdomoni mwanamke wa Kijapani, nikamponza mama yangu mdogo.

Mwalimu wetu alitutuma tutazame filamu za Kijapani, tuandike wanawake hufanya nini wakishaamuliwa maisha yao. Nikaazima kanda tatu maktaba, nikitegemea mapigano ya mapanga. Mapanga hakuna. Katika ya kwanza, mjane anafunga baa yake kuwaridhisha mashemeji. Katika ya pili, mke anabeba sanduku hadi stesheni, halafu anarudi kupika. Ya tatu tuliitazama familia nzima Jumamosi, theluji imetufungia ndani kwetu Riverdale, Marekani: binti wa miaka thelathini na kitu, ndugu wamemzunguka, picha ya mchumba waliyemchagulia iko mezani.

Bibi naye alikuwa amekuja kutoka Dodoma na picha ya mchumba aliyemtafutia mama mdogo, mkobani. Kwa kuwa hajui Kiingereza, nilimtafsiria maandishi ya chini. Mama mdogo, ambaye hutunza wazee Springfield, aliketi kwenye kochi, ndicho kitanda chake.

"Huyo binti anasemaje?" Bibi akauliza.

Hasemi kitu. Anakunja kitambaa, anatabasamu, anakunja tena, dakika nzima. Mimi na kimya hatupatani. Nikakumbuka maneno niliyomsikia mama mdogo akinong'ona kwenye simu, kajifungia bafuni.

"Anasema, nimepata chumba Woodbridge, nahamia mwezi ujao. Huyo mchumba wenu mpeni salamu."

Nilicheka peke yangu.

"Woodbridge tulikonunua viatu?" Bibi akamgeukia mama mdogo polepole. "Mwanangu, unahamia kwa nani?"

"Peke yangu, mama."

"Mwanamke hahami peke yake. Huagwa kwao, akapokelewa kwa mumewe. Nikirudi niwaambie nini, kwamba ulitoka kwa dada yako kama mpangaji?"

 Mama mdogo akachukua simu, mbele yetu sote, akamwambia mwenye nyumba ampe mtu mwingine kile chumba. Aliomba radhi mara tatu, akitabasamu, kana kwamba yule mtu anamwona. Kuhusu mchumba hakusema ndiyo wala hapana. Bibi akaniambia niendelee kutafsiri. Nikasoma kilichoandikwa tu.

Mama alikuwa amesimama mlango wa jikoni muda wote. Kanda ilipokwisha akazima televisheni, akaniambia, "Toa vitu vyako, mpe mdogo wangu chumba chako. Kama haondoki, angalau awe na mlango wa kufunga."