Firigisi ya Mwalimu Seo

Mwalimu Seo, Mkorea aliyekuwa akifundisha useremala huko Malava, magharibi mwa Kenya, mwaka wa 1997, aliona firigisi ikiwekwa kwenye sahani yake. Kwa Waluhya, kipande hicho cha kuku ni cha mwenye nyumba, na Mzee Shitsama alikuwa amemwachia mbele ya majirani.

"Huyu alirusha mpira wa besiboli kwao mpaka Amerika ikamwita," mzee alijigamba. "Amerika yenyewe."

Ni Seo mwenyewe aliyemwambia hivyo, akaishia hapo. Kwao Busan, kweli watu waliliimba jina lake. Lakini Amerika alisimama uwanjani mara moja tu. Mipira yake ilienda kombo, akatolewa mchezo ukiwa ndio kwanza umeanza. Aliporudi kwao, hata wauza magazeti walimcheka. Ndipo akatafuta kazi mahali ambapo hakuna aliyeujua mchezo huo.

Akaisukuma sahani. "Mzee, hii si yangu. Amerika nilishindwa siku ya kwanza, wakanirudisha."

Jirani mmoja, Osundwa, aliangua kicheko. "Shitsama, na vile umetusumbua sokoni na huyu bingwa wako."

Mzee aliinamisha uso. Hilo ndilo lililomchoma Seo zaidi: aibu yake sasa ilikuwa imepata mtu wa pili wa kuibeba.

"Kula, mwalimu," mzee alisema hatimaye, bila kumtazama. "Kuku ameshachinjwa."

Seo akaikata firigisi, akamrudishia nusu. Wakatafuna wote wawili, macho kwenye sahani.