Filamu Bubu za Mama Rehema

Nikifungua mashine ya kukaushia nguo, ule mvuke wa sabuni ukanipiga usoni, narudi Adelphi, kwenye fleti yetu ya utotoni huku Marekani. Nina miaka minane, nimekunja miguu kwenye zulia, namsubiri Mama atie kanda ya video.

Juzi mwalimu wa binti yangu kaniita. Eti niache kumsomea mtoto vitabu vyake vya Kiingereza kwa Kiswahili, kwa sababu nasema yasiyoandikwa. Nilitoka pale na hasira. Na niwaambieni ukweli, nusu ya hasira ile ilikuwa yangu mimi na nafsi yangu, maana maneno hayo hayo niliwahi kuyasema, tena mbele ya watu.

Siku zile za Adelphi, kila Jumamosi mchana, wakati mashine za kufulia za jengo zikizungusha nguo huko chini, wanawake walikuja kungojea kwetu. Alikuwepo Bi Zuhura wa Mombasa, miwani inaning'inia shingoni kwa kamba. Alikuwepo Mama Furaha wa Uvira, Kongo, ambaye mumewe alibaki kwenye kambi ya wakimbizi na kila mwezi tuliambiwa yuko njiani. Mama aliazima maktaba filamu za zamani zisizo na sauti. Alisema hizo hazina Kiingereza cha kumsumbua, kwani chake kiliishia kwenye dawa za kusafishia sakafu. Maandishi yakitokea kwenye kioo, aliyasoma kwa Kiswahili bila kupepesa jicho. Bi Zuhura alikuwa na neno moja tu: "Halafu?"

Kanda tuliyoipenda ilikuwa ya mwigizaji mmoja mwembamba, masharubu ya kubandika. Kila filamu lazima aanguke: ngazini, kisimani, kwenye keki. Mama Furaha alicheka hadi akamwaga chai. Halafu filamu zikaendelea, yeye hayumo.

"Sasa huyu bwana alienda wapi?" Mama Furaha akauliza, soksi mkononi.

Maandishi yakatokea. Mama akayakodolea macho. "Amesafiri. Kazi za mbali. Anasema hapa: mke wangu, usichoke, naja."

Mama Furaha akaacha kukunja nguo. Mimi, bingwa wa kusoma darasani, nikaruka juu. "Uongo! Hakuna safari hapo! Limeandikwa jina lake tu, sasa yeye ndiye mwongozaji. Mama hajui kusoma!"

Ikabaki video inavuma peke yake. Mama akachukua kikapu chake, akashuka chini kwenye mashine.

Jumamosi iliyofuata alijifungia jikoni. "Asome huyo anayejua," akasema. Nikasoma, kila neno sahihi. "Siku ya pili yake." "Nyumbani kwa daktari." Hakuna aliyecheka. Bi Zuhura alikunja shuka lile lile mara tatu.

"Mutoto, nyamaza kidogo," akasema Mama Furaha. Akageukia jikoni. "Mama Rehema, kuja! Yule bwana iko wapi?"

Mama akatokea, mikono inachuruzika maji. Akaitazama ile picha.

"Yupo. Humwoni kwa sababu yuko nyuma ya kamera. Hao wote unaowaona wanakimbia, yeye ndiye anawaambia wapite wapi. Hajapotea."

"Na muke wake anajua?"

"Anajua. Ndiyo maana amekaa, anakunja nguo."

Mama Furaha akacheka, akajifuta uso kwa soksi. Mumewe alifika mwaka uliofuata: mwembamba kweli, ila masharubu hana.

Nilikuwa mtu mzima nilipogundua kuwa Bi Zuhura alikuwa karani wa wakili kule Mombasa, na Kiingereza chake kinanishinda hata mimi. Maandishi yote yale aliyasoma tangu siku ya kwanza. Nikamuuliza kwa nini hakusema. Akanitazama juu ya miwani. "Kusoma najua, mwanangu. Nilikuja kumsikiliza mamako."

Leo mchana nimemfungulia binti yangu kitabu. Ukurasa wa pili tu akanikatiza, kwa Kiingereza chake: hapo hapakuandikwa hivyo. Nikamwambia najua.

Akashusha macho kwenye picha. Kisha akajisogeza karibu.

"Halafu?"