Kitone cha Kijani

Kuiruti simu, yaani kuufungua mfumo wake wa ndani, niliogopa, ingeweza kufa. Nikapakua app inayotengeneza simu nyingine ndani ya simu, nikaweka humo gemu iliyochakachuliwa, yenye almasi zisizoisha. App ikaomba kamera na maikrofoni. Nikabonyeza kubali, kubali. Nani anasoma yale maandishi?

Kesho yake mchana, nyumbani Mwamkulu, simu niliiegemeza kwenye gunia, mama akipukuchua mahindi mbele yake. Kioo kikawaka chenyewe. Juu pembeni kulikuwa na kitone cha kijani, kile kinachoonyesha kamera inatumika. Nikaifuta app palepale. Kitone hakikuzimika. Nikaifunika simu kwa ungo.

“Umemfunika nani humo?” mama akauliza, akicheka.

Nilimwambia ajifunge kitenge vizuri.