Zii, Nchi Niliyomtungia Mdogo Wangu

Mdogo wangu alikuwa na miaka mitano na hakujua kuongea taratibu. Akiimba, mishipa ya shingo inamsimama. Akiitwa, anaitika "Abee!" utadhani anayemwita yuko kijiji cha pili. Nyumbani Majimoto tulimcheka tu. Kule porini tulikopiga kambi kiangazi kimoja, sauti yake ilikuwa hatari, na kazi ya kuizima nilipewa mimi, msichana wa miaka kumi na mmoja.

Kiangazi kile nyasi ziliisha kabisa, hata mabua ya mpunga yaliyobaki majarubani yalikuwa yameliwa. Baba akaamua tuvuke mpaka wa hifadhi na ng'ombe wote, akijua fika kwamba akikamatwa watataifishwa. Tukaishi mle porini kwa kujificha, askari wa hifadhi wasitusikie. Kengele za ng'ombe zilijazwa nyasi zisilie, kinu tulikiacha nyumbani, jogoo tulimwachia shangazi. Mbwa aliyebweka siku ya kwanza alirudishwa siku hiyohiyo. Mama, yaani mayu kama tunavyosema sisi Wasukuma, alitukataza hata kupiga chafya bila kuziba mdomo. Siku ya tatu nilianza kusikia mapigo ya moyo wangu mwenyewe, na sikuyapenda.

Mdogo wangu aliuliza kwa nini. Nikamtungia nchi. Niliiita Zii, nikamwambia iko ng'ambo ya korongo, na huko hakuna kitu kinacholia. Mvua inashuka bila kugonga majani. Wanawake wanatwanga, mchi unapanda na kushuka, husikii kitu. Jogoo anafungua mdomo, anaufunga, watu wanajua kumekucha. Watoto wa Zii wanacheka kwa mabega. Hiyo ya mabega aliipenda kupita zote. Tulikaa kivulini tukicheka kwa mabega mpaka machozi yakatutoka, na ukweli ni kwamba mimi mwenyewe niliipenda nchi ile kuliko kambi yetu.

Lakini mayu akimwita, aliitika vilevile, kwa sauti ya mnadani. Jioni moja baba alinifokea kwa kunong'ona, na kufokewa kwa kunong'ona kunauma kuliko fimbo. Nilikasirika. Kesho yake nikaongeza sheria. Nilimwambia watu wa Zii wamechoka kukaa bila sauti, sasa wanavuka korongo kuja kuiba za watu. Wakishaiba ya mtu, wanaitumia kuwaita ndugu zake. Kwa hiyo ukisikia unaitwa na humwoni anayekuita, usiitike. Jifiche, uzibe mdomo.

"Hata mayu?" akauliza.

"Hasa mayu," nikamjibu.

Kuanzia hapo hakuitika tena. Mayu akimwita, anachungulia kwanza, akimwona ndipo anakwenda. Baba alinisifu, na mimi nikavimba kichwa.

Siku yenyewe jua lilikuwa kali. Nilimwacha kivulini, nikashuka korongoni kuchimba maji kwenye mchanga. Niliporudi na ndoo, hayupo.

Sijui kama umewahi kumtafuta mtoto kwa kunong'ona. Unainama kwenye kila kichaka, unalitaja jina lake kwa pumzi tu, halafu unasubiri jibu ambalo unajua hatalitoa hata kama yuko hatua ishirini. Pori lile lina simba na tembo, na mtoto hakuwa amekunywa maji tangu asubuhi. Mayu alinong'ona. Baba alikuja mbio kutoka malishoni, naye akanong'ona. Saa ikapita, ikapita nyingine. Ndipo mayu alipopanda juu ya kichuguu, akajishika kichwa, akaliita jina la mwanawe kwa sauti yote aliyokuwa ameibana tangu tuingie mle.

Baba alimtazama. Nilidhani atamvuta ashuke. Akapanda naye, akaita. Alijua maana yake, na kweli kesho yake ng'ombe walikamatwa, lakini sijawahi kumsikia akijutia hilo.

Waliita mpaka sauti zikakauka. Mimi nilisimama chini ya kichuguu, nikijua kwamba kila wanapoita wanamzidishia kujificha. Nilipaswa kusema palepale. Sikusema. Niliogopa fimbo. Mungu anisamehe, mdogo wangu anakufa kiu na mimi naogopa fimbo. Jua lilikuwa limeshaanza kushuka nilipomshika mayu kanga na kumweleza yote, Zii na sheria yake.

Hakunipiga. Alinitazama kama mtu asiyenifahamu.

"Yaani nikimwita ndiyo anajificha?"

"Ndiyo, mayu."

"Basi tunyamaze wote," akatuambia, mimi na baba.

Tukatawanyika, tukatembea bila neno, kila mmoja akijitahidi kupita mahali peupe ili aonekane. Hapo ndipo nilipoichukia Zii. Nilikuwa natembea ndani yake kwa miguu yangu, naona mdomo wa mayu ukifunguka na kujifunga bila kutoa kitu.

Baba ndiye aliyemwona, chini ya mti ulioanguka, si mbali na kambi hata kidogo. Alikuwa amejikunyata, viganja vyote viwili mdomoni, midomo imepasuka kwa ukavu. Alikuwa ametusikia muda wote. Mayu akambeba, akamnywesha maji kidogo kidogo, akawa analia na kumtaja jina sikioni. Mtoto akanyoosha mkono, akamgusa koo.

"Wamekurudishia?" akauliza.

"Hawakuniibia, mwanangu. Aliyekuwa anakuita ni mimi."

Akatikisa kichwa. "Siyo wewe. Wewe ungekuja."

Sasa mdogo wangu ni mtu mzima, ana cherehani yake Mpanda mjini, na siku ile haikumbuki hata kidogo. Mayu anaikumbuka. Hajamwita tena kwa mbali. Akimhitaji, hata kama yuko chumba cha pili, hata siku ambazo magoti yanamuuma, anainuka, anakwenda mpaka pale mwanawe anapoweza kumwona, ndipo anamtaja jina.