Mwisho Haupigiwi Msumari

Ipo siku moja hainitoki kichwani, mwanangu: siku niliyoshika shoka nikaenda kuua kahawa isiyo yangu. Nilikuwa kijana, mtoto mgongoni, na miguu ikiniwasha kwa hamu ya kuondoka.

Ilikuwa miaka ile soko huria lilipoingia kwetu Matiri. Zamani kahawa ulipeleka chama cha ushirika, basi. Sasa wakaja wanunuzi na malori yao, leo huyu, kesho yule, keshokutwa hakuna mtu. Chama kikakohoa, kikalala. Kila kilabu cha pombe kikapata nabii wake: "Zama za kahawa zimekwisha!" Mume wangu Kosmasi akateremka ziwani, Mbamba Bay, kutafuta maisha kwenye dagaa. Haukupita muda akanitumia neno kwa utingo wa lori: "Ng'oa mibuni, panda mahindi, kisha unifuate na mtoto. Kahawa imekufa."

Mibuni ile ilipandwa na baba mkwe, naye kazikwa kando yake. Mwenye shamba sasa alikuwa mama mkwe wangu, Eufrasia, mjane mfupi mwenye ulimi wa kufyekea nyasi. Nilimwogopa kuliko chui.

Siku hizo hizo alikuja kwetu mtaalamu wa miamba, Bwana Elieza, Mpare mmoja mrefu, anatafuta kujua makaa ya mawe yamelalaje ardhini. Akapanga chumba kwa mama mkwe, akaniajiri kufyeka ukingo wa kijito ili mwamba uonekane. Nilikubali upesi. Chochote cha kunitoa kwenye lile shamba! Nikafyeka, yeye akagonga kwa nyundo, na mwamba ukajitokeza tabaka juu ya tabaka: jeusi la makaa, la kijivu, la rangi ya uji wa ulezi, na ndani yake majani yaliyogeuka jiwe, mishipa yake imesimama kama hii ya mkono wangu wa leo.

Jioni jikoni, tukimenya viazi, alitueleza. Umri wa dunia, alisema, wameugawa vipindi, na kila kipindi kidogo kina jina lake, mara nyingi jina la kijiji au mlima ambako miamba yake inasomeka vizuri, bila tabaka kukosekana. Hilo haliamui mtu mmoja. Hubishana miaka, hupiga kura, ndipo wanaweka alama mwambani, pengine msumari wa shaba kabisa, na dunia nzima inapimia hapo.

Nikadakia. "Basi pigilia msumari kijitoni kwetu! Dunia itutaje na sisi."

Akacheka. "Dada, mwamba wenu ni wa mito na vinamasi. Misumari huwekwa zaidi kwenye miamba iliyotokea baharini, maana vijidudu vya bahari vilisambaa mbali. Ukikiona kimoja nchi fulani na ukakiona Uchina, unajua wakati ni ule ule. Huu wenu tunaulinganisha na ile."

"Kwa hiyo sisi wa kulinganishwa tu."

"Hata mimi, dada. Mke wangu ananilinganisha na shemeji yake kila siku."

Mama mkwe hakucheka. "Na mwisho wa kipindi," akauliza, "msumari wake mnaupiga wapi?"

"Mwisho hatuupigii, mama. Tunapiga mwanzo tu, kule chini, mara nyingi pale kiumbe fulani kinapoonekana kwa mara ya kwanza. Kipindi kinakwisha pale kinachofuata kinapoanza. Ukiweka alama ya mwanzo na alama ya mwisho, huku unapata pengo lisilo la mtu, kule vipindi viwili vinagombea tabaka moja. Kama mipaka ya majirani."

"Ehee," akasema mama mkwe, akageuza kiazi mkononi, akaendelea kukimenya. Nilidhani neno hilo limempita.

Asubuhi yake nikachukua shoka. Nilikuwa nimekwisha kukata mizizi ya mbuni wa kwanza upande mmoja niliposikia nyuma yangu:

"Skola."

"Shikamoo, mama."

"Shikamoo yako iweke chini pamoja na hilo shoka. Nani kakutuma?"

"Kosmasi. Zama za kahawa zimekwisha, mama. Kila mtu anasema."

"Kila mtu! Jana jikoni ulikuwa na masikio, au ulikuwa unatamani msumari tu? Waliosoma mpaka mawe hawautii mwisho alama. Wewe na walevi wa kilabuni mmeuonea wapi? Mimi sikatai jambo jipya kuanza. Nionyeshe lililoanza! Nenda ziwani ukatazame. Ukikuta mwanangu ana mtumbwi, ana nyavu, ana paa, rudi uniambie. Shoka nitalishika mwenyewe, wala sitalia. Lakini kama hakuna kilichoanza, ukikata hapa umetutia kwenye pengo, na mjukuu wangu atalilia njaa humo humo."

Nikateremka na lori. Kosmasi nikamkuta anaanika dagaa wa mtu, analala kwenye banda la mtu, na kaptula aliyovaa ya mtu.

"Chako hapa ni kipi?"

"Vitu vinakuja, Skola."

"Vimefika?"

Akageukia ziwa. Kisha akauliza kwa sauti ndogo, "Mibuni umeshang'oa?"

"Mama yako amekataa."

Mwanamume akakaa chini mchangani kama aliyetuliwa gunia. "Mungu ampe maisha," akasema. Kumbe tangu atume lile neno alikuwa hapati usingizi.

Niliporudi, mama mkwe alikuwa ameifukia udongo ile mizizi niliyoikata. Mbuni ule ulipona ukiwa umeinama, na mpaka leo umeinama. Sikudanganyi kwamba kahawa ilitutajirisha, ilituvusha tu. Nami sikutulia. Kila lori lilipopita nilisimama mlangoni.

Miaka ikapita, Kosmasi akapanda kutoka ziwani na mashine ya kusaga. Ikafungwa, ikanguruma, ikatoa unga. Mama mkwe akachota unga kidogo, akauonja. Akaingia ndani, akatoka na shoka, akakata mwenyewe mibuni ya mbele kupata nafasi ya banda la mashine. Hakulia.

Sasa nakuona na wewe, mwanangu, miguu inakuwasha. Leo unaniambia ndoa imekwisha, kesho shule imekwisha, keshokutwa kijiji kimekwisha. Usiache mbachao kwa msala upitao. Sikwambii ukae. Mimi mwenyewe nilitumwa nikatazame, na wewe nenda ukatazame. Ila shoka liache nyumbani. Mtaka cha mvunguni sharti ainame: inama utafute mwanzo, uushike, uonje unga wake. Hapo kilichotangulia kitakuwa kimekwisha chenyewe, wala hutahitaji kukitangaza.

Nenda basi. Mungu wa babu zako akupe mwanzo unaoshikika kwa mkono. Na siku utakaponiletea, nikiwa bado na nguvu, shoka nitalishika mimi.