Bi Chanzo na Jina Alilolitungia Maana

Saa mbili asubuhi, chai haijapoa, na Bi Chanzo ameshafuta maana saba. Kalamu nyekundu mkononi, miwani imefungwa uzi upande mmoja, anapitia kurasa za kitabu cha majina ya watoto, kile ambacho wazazi hukinunua hata kabla ya nepi.

"Malkia, malkia, zawadi, malkia," anasoma, kisha anashusha pumzi. "Sasa raia watazaliwa lini?"

Jina hilo la utani alipewa na wapiga chapa, maana swali lake ni lilelile: chanzo kiko wapi? Kazi yake ni kuhakiki kila jina limetoka lugha gani na lina maana gani, majina arobaini kwa siku, na huu ni mwaka wa ishirini na sita. Huwapigia simu wazee wanaozijua lugha zao, hufunua kamusi zilizochanika mgongo, na akikosa kabisa huandika neno moja: haijulikani. Bosi wake halitaki neno hilo. Anasema hakuna mzazi atakayenunua kitabu kimwambie haijulikani. Wamebishana mpaka wamechoka wote wawili.

Macho yanamuuma, mgongo ndio usiseme. Lakini kilichomchosha mwaka huu ni kingine.

Binti yake wa pekee ana mimba ya miezi minane. Mwezi uliopita alikuja na jina alilolipenda mtandaoni, eti maana yake ni "nuru ya kwanza". Mama mtu, kwa mazoea, akauliza chanzo. Tovuti ilikuwa imenukuu kitabu, kitabu kimenukuu kingine, na hicho kingine kilikuwa toleo la kwanza la kitabu hikihiki. Bi Chanzo akaenda stoo, akafungua faili la mwaka ule, akakutana na mwandiko wake mwenyewe.

Alikumbuka palepale. Alikuwa na wiki tatu tu kazini, mpiga chapa amesimama mlangoni anasubiri ukurasa, na jina moja limebaki tupu. Jua lilikuwa linaingia dirishani. Akaandika: nuru ya kwanza.

"Miaka yote hii nawasaka waongo," anasema, wala hacheki. "Kumbe kikulacho ki nguoni mwako."

Jina lenyewe ameomba lisitajwe hapa. Wenye nalo ni wengi, na hawajamkosea mtu.

Siku kumi alikaa na siri hiyo moyoni. Aliona aibu, na aliogopa kumharibia mtoto wake furaha. Jumapili akashindwa, akasema yote. Binti akashika tumbo.

"Mama, hao wengine hawajui maana ilitoka wapi," akasema. "Wangu atajua. Imetoka kwa bibi yake."

Bi Chanzo alilia, na hilo analikiri bila haya.

Toleo jipya linaenda mtamboni mwezi ujao. Mbele ya jina lile ameandika haijulikani. Bosi amelifuta mara mbili, naye amelirudisha mara zote mbili.

Likishatoka, anastaafu. Hana mipango mikubwa: apumzishe macho, ambebe mjukuu.

"Akikua ataniuliza jina lake lina maana gani," anasema, akivua miwani. "Naomba uhai nimjibu mwenyewe. Asije akaenda kusoma kitabuni."